Majina ya mimea ya vilima vya shaba yasifutwe, yaongezwe

Ndugu Mhariri,

Hivi karibuni mlichapisha makala kuhusu maua yanayoota kwenye vilima vya shaba vya Katanga, yaani vile ambavyo udongo wake una shaba nyingi, na wiki iliyofuata msomaji mmoja akawaandikia kuomba kwamba majina ya kisayansi ya mimea hiyo yafutwe yote, kwa kuwa ni majina ya Wabelgiji ambao watoto wetu hawawajui na ambao, kwa maneno yake, walikuja kuhesabu mali ya wenyewe. Nimefundisha biolojia katika shule za sekondari za Lubumbashi kwa zaidi ya miaka 30, na barua hiyo niliisoma mara tatu kabla ya kushika kalamu. Uchungu wake naufahamu, na sehemu ya uchungu huo ninayo mimi pia. Dawa anayoipendekeza ndiyo nisiyokubaliana nayo, na naomba nieleze sababu, nikianza na tunda ambalo hakuna mtu wa mji huu asiyelijua.

Mvua za kwanza zikishanyesha, mama zetu huketi kando ya barabara na beseni za masuku. Mti unaozaa tunda hilo wataalamu huuita Uapaca kirkiana. Neno la kwanza, Uapaca, ni jina la jenasi, yaani kundi la miti yenye undugu wa karibu, na asili yake haiko Ulaya: limetokana na jina ambalo watu wa Madagaska waliupa mti wa kundi hilo kisiwani kwao, kisha mwanabotania Mfaransa Henri Baillon akaliandika kwa umbo la Kilatini mwaka 1858. Neno la pili, kirkiana, ni heshima kwa John Kirk, daktari na mwanabotania wa Scotland aliyefuatana na David Livingstone katika safari ya mto Zambezi, akakusanya mimea mingi ya nchi za miombo, na baadaye akawa konseli wa Uingereza huko Zanzibar, ambako alikuwa miongoni mwa waliomshinikiza Sultani Barghash hadi soko la watumwa likafungwa mwaka 1873. Kwa hiyo katika maneno mawili tu ya Kilatini tunakuta Mskoti ambaye maisha yake tunaweza kuyasimulia, na Wamalagasi ambao lugha yao imesikika lakini ambao hakuna hata mmoja wao aliyetajwa. Jambo hilo la pili ndilo linalonihangaisha, na nitalirudia.

Kwanza lazima tuelewe majina haya yanavyotolewa, maana makala yenu ililipita hilo kwa haraka. Tangu Mswidi Carl Linnaeus alipochapisha kitabu chake kikuu cha mimea mwaka 1753, kila spishi, yaani kila aina moja ya mmea ndani ya jenasi, hupewa maneno mawili, na jina lililochapishwa kwanza kwa kufuata kanuni ndilo linalodumu, hata kama nchi imebadilisha bendera, sarafu na majina ya miji yake. Mji wetu uliacha kuitwa Élisabethville mwaka 1966, na jimbo la Katanga liliitwa Shaba tangu mwaka 1971 hadi 1997, lakini hakuna mmea hata mmoja uliobadilishwa jina kwa sababu hizo. Anayelichagua jina ni yule anayeueleza mmea kwa mara ya kwanza katika maandishi ya kitaalamu, huku akionyesha sampuli moja iliyokaushwa ambayo itabaki kuwa shahidi wa jina hilo daima. Ni desturi kwamba mtu hajipi heshima hiyo mwenyewe, humpa mwingine. Ndiyo maana majina haya, ukiyasoma vizuri, ni daftari la shukrani: yanaonyesha nani alimshukuru nani, na kwa hiyo yanaonyesha pia nani alisahauliwa.

Tuchukue ule mmea ambao picha yake mliiweka juu ya makala, ambao wengi huuita ua la shaba. Ni mmea mfupi wa jamii ya mrihani, na jina lake ni Haumaniastrum katangense. Huota kwa wingi palipo na shaba nyingi kiasi cha kuua mimea ya kawaida, na hata mahali ambapo wazee wetu waliyeyushia shaba karne nyingi zilizopita, ambapo leo huoni kitu juu ya ardhi ila majani hayo. Wanaakiolojia wameutumia kutafuta tanuri za kale, na watafuta madini wameutumia kutafuta mawe. Ndugu yake, Haumaniastrum robertii, hukusanya kobalti ndani ya majani yake kwa kiasi ambacho kingeangamiza mmea mwingine. Jenasi hiyo ilitolewa jina mwaka 1959 na Paul Duvigneaud na mwenzake Plancke, kwa heshima ya Lucien Hauman, Mbelgiji aliyezaliwa Ixelles mwaka 1880, akafundisha miaka mingi huko Buenos Aires, kisha akarudi Brussels na kushiriki katika kazi kubwa ya kuandika mimea ya Kongo. Kwa nini basi jina halikuwa Haumania tu? Kwa sababu jenasi ya Haumania ilikwisha kuwapo, ya mimea ya msitu mkubwa wa kaskazini, iliyotolewa kwa heshima ya Hauman huyo huyo, na kanuni haziruhusu jenasi mbili za mimea ziwe na jina moja. Nilipowaeleza wanafunzi wangu jambo hilo, walilikumbuka kuliko mchoro wowote wa seli nilioutundika ukutani.

Sasa fikiria tukilifuta jina hilo. Makala zote zilizoandikwa kuhusu ua la shaba tangu mwaka 1959, vipimo vyote vya shaba na kobalti ndani ya majani yake, karatasi zote za mimea iliyokaushwa zilizohifadhiwa hapa kwetu na kule Meise nchini Ubelgiji, ambako ndiko kulikorundikwa sehemu kubwa sana ya mimea iliyochukuliwa Kongo, vitakuwa vinazungumzia mmea ambao mtoto wetu hawezi kuutafuta, kwa kuwa atakuwa amefundishwa jina jingine. Tutakuwa tumemfungia mlango wa maktaba kwa mikono yetu wenyewe. Na hao wanaochimba vilima hivi hawatapata hasara yoyote. Wao hawahitaji jina la ua ili kuliondoa.

Naongeza kwamba si haki kuwaweka waliotajwa wote katika gunia moja. Katika miombo yetu kuna miti ya jenasi Isoberlinia, ambayo tunaikata na kuichoma mkaa kila siku bila kuiuliza jina. Maana yake ni mti unaofanana na Berlinia, na Berlinia ni kumbukumbu ya Andreas Berlin, kijana wa Uswidi, mwanafunzi wa Linnaeus, aliyekuja Afrika ya Magharibi kukusanya mimea akafia katika visiwa vya Los, karibu na pwani ya Guinea, mwaka 1773. Hakuchukua ardhi ya mtu. Wenge, ule mti mweusi wa samani unaojulikana dunia nzima, ni Millettia laurentii, na laurentii ni Émile Laurent, profesa wa Gembloux, aliyefariki melini mwaka 1904 akirudi kutoka Kongo. Na juu ya vilima vyetu vya shaba kuna ua dogo liitwalo Wahlenbergia malaissei, ambalo lina heshima mbili kwa pamoja: jenasi inamkumbuka Göran Wahlenberg wa Uswidi, na jina la spishi linamheshimu François Malaisse, aliyefundisha kwa miaka mingi katika Chuo Kikuu cha Lubumbashi, akatembea vilima hivi kwa miguu, na akaandika kwa makini kuhusu uyoga, viwavi na matunda ambayo watu wa miombo hula. Jina hilo alilitoa Mats Thulin, Mswidi mwingine. Kuna pia Faroa malaissei, nayo ya udongo wa shaba. Watu wengi wa rika langu waliosoma elimu ya mimea hapa wanajua kwamba heshima hiyo ilifanyiwa kazi.

Wapo wengine ambao siwezi kuwatetea kwa namna hiyo. Brachystegia wangermeeana, mti wa miombo unaozunguka mji huu, unabeba jina la Émile Wangermée, mtawala wa kikoloni aliyehusika kuanzisha Élisabethville mwaka 1910, na sidhani kwamba mti huo ulimhitaji. Kanuni za kimataifa zenyewe zinashauri kwamba jenasi isitolewe kwa mtu asiyehusika kabisa na elimu ya viumbe. Kwa spishi ushauri huo haupo, na mlango huo umepitiwa na wengi. Hata hivyo, katika mlango huo huo wamepita watu wa kwetu pia. Gladiolus tshombeanus ni ua la vilima vya shaba linalobeba jina la Moïse Tshombe, aliyeiongoza Katanga ilipojitenga na Kongo. Commelina mwatayamvoana linabeba cheo cha Mwata Yamvo, mfalme wa Walunda. Hili la pili linanigusa zaidi, kwa sababu ya historia ya jenasi yake. Linnaeus aliichagua Commelina kwa ajili ya akina Commelijn wa Uholanzi, akaeleza kwamba ua lina petali mbili zinazoonekana wazi, kama wale wawili wa ukoo huo waliopata sifa katika botania, na ya tatu ni ndogo isiyopendeza, kama yule ambaye alifariki kabla ya kutimiza lolote. Kwa hiyo ukoo wa Amsterdam na kiti cha enzi cha Walunda vimekaa pamoja juu ya jani moja la Katanga. Huyo msomaji wenu aliyesema kwamba majina yote ni ya Wabelgiji hakukutana na jani hilo.

Lakini Mwata Yamvo hakukusanya mimea, wala Tshombe hakukusanya. Walitajwa kwa ukubwa wao. Ninaowalilia mimi ni wale waliokusanya.

Nilipokuwa mwanafunzi nilipanda kilima kimoja cha shaba pamoja na kundi la watafiti, na mbele yetu alitangulia mzee mmoja aliyeajiriwa kama mfanyakazi wa mkono. Tulimwita Papa, kwa heshima, na sitaandika jina lake kwa kuwa familia yake haijanipa ruhusa. Yeye ndiye aliyejua ni upande gani wa mteremko unaoshika maji baada ya mvua, ni jani gani huota tu pale ambapo jiwe limegeuka kijani, na ni lipi ambalo hakuwa ameliona mwaka uliopita. Alikuwa akisema jina la kila mmea kwa Kisanga, kisha kwa Kibemba, kisha akatuambia unatibu nini. Jioni yeye ndiye aliyepanga mimea katikati ya magazeti, akakaza mikanda ya kibano cha kukaushia mimea, na usiku akaamka kubadilisha karatasi zilizolowa ili sampuli zisioze. Miaka mingi baadaye niliziona baadhi ya karatasi hizo. Pale chini kulia palikuwa na kibandiko chenye tarehe, mahali, namba, na jina la mkusanyaji. Halikuwa jina lake. Nilisimama mbele ya kabati lile kwa muda mrefu, na tangu siku hiyo nimekuwa nikiuliza swali moja kila ninapofundisha somo hili: nani alibeba kibano?

Swali hilo limekwisha kuulizwa kwingine, na limepata jibu. Ile bugenvilia inayofunika kuta za nyumba zetu inamtaja nahodha Mfaransa Louis-Antoine de Bougainville, ambaye hakuwa mwanabotania. Mwanabotania wa safari yake alikuwa Philibert Commerson, na mmea huo ulikusanywa Rio de Janeiro mwaka 1767. Commerson alikuwa mgonjwa wa mguu, na aliyepanda milima na kubeba mizigo alikuwa msaidizi wake, Jeanne Baret, mwanamke aliyejivika mavazi ya kiume kwa sababu wanawake hawakuruhusiwa katika meli za jeshi la Ufaransa, na ambaye ndiye mwanamke wa kwanza anayejulikana kuizunguka dunia yote. Meli waliyopanda iliitwa Étoile, jina ambalo sisi watu wa Lubumbashi tunalijua kwa sababu nyingine, kwa kuwa ndilo jina la mgodi wa Kalukuluku. Commerson amepewa makumi ya spishi. Baret hakuwa nayo hata moja kwa zaidi ya miaka 200, mpaka mwaka 2012 watafiti watatu walipoueleza mmea mpya wa Amerika ya Kusini, wa jenasi moja na nyanya na bilingani, wakauita Solanum baretiae. Hawakulifuta jina la Bougainville. Waliongeza jina lililokosekana.

Hapa kwetu pia mfano upo. Katika orodha ya mimea ya udongo wa shaba kuna Basananthe kisimbae, mmea wa jamii moja na marakuja, na jina lake la pili limetengenezwa kutokana na jina Kisimba. Wanafunzi wangu hudhani kwamba mwisho huo wa -ae unaonyesha mwanamke, kama ilivyo kwa Baret. Si lazima iwe hivyo: jina la ukoo likiishia na a, kanuni hulipa -ae bila kujali kama mwenyewe ni mwanamume au mwanamke, hali Malaisse hupata -i na Robert hupata -ii. Nataja jambo hili dogo la sarufi kwa sababu majina yetu mengi huishia na a. Kanuni za Kilatini zilikwisha kuwaandalia Wakatanga nafasi, na nafasi hiyo haijajaa.

Zaidi ya hayo, kanuni hizi hazikushuka kutoka mbinguni. Hupigiwa kura katika mkutano wa kimataifa wa wanabotania, na katika mkutano wa Madrid wa mwaka 2024 wajumbe waliamua kwamba majina yaliyotokana na lile tusi la Afrika ya Kusini dhidi ya watu weusi, ambalo lilikuwa limekaa katika majina ya zaidi ya spishi 200, ukiwamo mti wa Rauvolfia caffra unaoota hata katika nchi yetu, yarekebishwe. Hilo naliunga mkono kwa moyo wote, na ninaona tofauti iliyo wazi: tusi halimkumbuki mtu yeyote. Jina la Hauman linamkumbuka mtu aliyefanya kazi. Msomaji wenu ameyachanganya mambo hayo mawili, na nadhani ameyachanganya kwa sababu hakuna aliyemweleza.

Ombi langu, basi, nalielekeza kwanza kwa vijana wetu wanaosoma elimu ya mimea na kilimo. Vilima vya shaba vya Katanga ni zaidi ya 100, na baadhi ya mimea yake haipatikani mahali pengine popote duniani. Vingi vimechimbwa au vinachimbwa sasa hivi. Mmea usiojulikana ukiondolewa pamoja na udongo wake hautapata jina kamwe, la Mbelgiji wala la Mkongo. Tangu mwaka 2012 maelezo ya spishi mpya si lazima yaandikwe kwa Kilatini. Kiingereza kinatosha, ingawa ningefurahi zaidi kama Kifaransa nacho kingeruhusiwa, kwa kuwa hilo bado ni kizuizi kwa wanafunzi wetu. Anayeueleza mmea ndiye anayechagua jina. Kama waelezaji ni watoto wa Lubumbashi, Likasi na Kolwezi, majina yatakuja yenyewe: ya walinzi wa hazina zetu za mimea iliyokaushwa, ya waganga waliofundisha watafiti, ya wale akina mama wanaojua uyoga kuliko kitabu chochote.

Pia naomba majina ya Kisanga, Kilamba, Kibemba, Kiluba na ya Kiswahili chetu yaandikwe kwenye kibandiko cha kila sampuli. Michel Adanson, Mfaransa aliyeishi Senegal tangu mwaka 1749, alipewa heshima kubwa kupita zote wakati mbuyu ulipoitwa Adansonia digitata. Yeye mwenyewe, alipochapisha kazi yake mwaka 1763, aliuandika kwa jina la Baobab, kwa kuwa alipendelea majina ya wenyeji. Kanuni hazikumfuata, lakini kibandiko hakikatazwi na kanuni yoyote.

Na kwenu, Ndugu Mhariri, nina ombi jepesi zaidi. Mkichapisha tena picha ya ua la vilima vya shaba, msiandike chini yake kwamba ni ua la porini. Andikeni jina lake la kisayansi kwa herufi za mlazo, na nani anayekumbukwa humo, na jina la kilima, na jina ambalo watu wa kijiji cha karibu wanalitumia. Kisha, kama ametoa ruhusa, andikeni jina la mtu aliyemtangulia mpiga picha wenu kwenye njia ya kupanda.

Wenu katika kazi,

Mwalimu mstaafu wa biolojia,
Komini ya Katuba, Lubumbashi